Mbwa wa Nani?

Mama ntilie aliuliza mara tatu. Mkono mmoja ulikuwa umemkamata mwanawe begani, mwingine bado umeshika mwiko wenye wali. "Mbwa wa nani huyu? Nauliza, mbwa wa nani?" Mashine ya randa ilizimwa, na pale Keko mashine ya randa ikizimwa saa saba mchana watu hudhani umeme umekatika. Mafundi saba walisimama katikati ya miguu ya vitanda na fremu za makochi, wakitazamana kama wanafunzi walioulizwa nani kavunja kioo.

Mtoto, wa darasa la pili, alikuwa amekaa juu ya kipande cha mninga akiangalia damu kwenye tafu la mguu wake. Hakulia. Alikuja kukusanya sahani za chakula cha mchana kama afanyavyo kila siku akitoka shule. Sahani moja ya bati ikamponyoka, ikamwangukia mbwa aliyelala kwenye maranda, na mbwa akafanya ambacho kiumbe yeyote aliyeamshwa kwa bati kichwani angeweza kufanya. Meno mawili, basi. Kisha akajipenyeza chini ya meza ya kazi, masikio yamelala.

"Huyo ni wa hapa hapa tu," fundi mkuu alisema hatimaye.

"Alikuja mwenyewe," akaongeza mwingine.

"Mimi nafuga kuku," akasema wa tatu, kana kwamba hilo ndilo lililoulizwa.

Mimi nimepanga chumba na sebule nyuma ya karakana ile, na mchana hula kwa mama huyo huyo, kwenye benchi hilo hilo. Siku mbili tu kabla niliwasikia watu wale wale wakimsifu Msumari, ndilo jina walilompa, kwamba "mbwa wetu" usiku kawatoa nduki wezi wa mbao. Sasa nilikuwa naitafuta ile "wetu" usoni mwa kila mmoja na siioni.

Anayeijua Keko anajua kwamba mali yetu nyingi hailali ndani. Ukiingia mitaani kutoka Barabara ya Chang'ombe utakuta makochi yamepangwa kando ya njia, yamefunikwa nailoni, vitanda vya tano kwa sita vimeegemezwa ukutani, mbao za paini na mkongo zimelazwa juu ya matofali zikingoja kukauka. Mlinzi mmoja hulinda karakana kadhaa, naye ni binadamu, husinzia. Ndiyo maana kila karakana ina mbwa wake wa aina ya Msumari: rangi ya mninga uliopigwa vanishi koti moja, sikio la kulia limekatika ncha, usingizi wake ni juu ya mabaki ya sponji. Mshahara wake ni ukoko wa ugali na mifupa iliyokwishamalizwa utamu. Hakuna aliyemleta. Alitokea akiwa mdogo msimu fulani wa mvua, akakaa, akafaa.

Kiswahili chetu kina neno kufuga, na ni neno pana la ajabu. Tunafuga ng'ombe na kuku, lakini pia tunafuga nywele, ndevu na kucha. Mtu anayekohoa mwezi mzima bila kwenda zahanati huambiwa asifuge ugonjwa. Wapo wanaosemwa kuwa wanafuga majini. Nywele huhitaji kuzileta. Ukiziacha tu, umezifuga. Nadhani mbwa wengi wa Keko wamefugwa kwa maana hii ya nywele. Hakuna aliyewaita, hakuna aliyewafukuza, wakaota. Hayo maneno "mnyama kipenzi" ni ya mabango na ya maofisa. Mtaani kwangu sijamsikia mtu akiyatamka bila kucheka.

Kuku mambo yao ni tofauti, na yule fundi wa tatu, pamoja na kukwepa kwake swali, alikuwa amesema jambo kubwa kuliko alivyodhani. Pita uani kwetu asubuhi uone vifaranga. Wa mama mwenye nyumba wamepakwa rangi ya zambarau. Wa jirani wa chumba cha kona wana waridi kali mgongoni. Wenyewe wanasema rangi inamchanganya mwewe, na pia kunguru, wale wenye shingo ya kijivu walioletwa Zanzibar kutoka India miaka ya 1890 ili wale uchafu wa mji, wakavuka maji wakaja kula vifaranga vyetu. Huenda kweli wanachanganyikiwa. Ninachokiona mimi ni kwamba rangi ile inamaliza kesi. Kifaranga cha zambarau kikipotelea kwenye uwanja wa watu, hurudishwa. Kuku mkubwa hutambuliwa kwa kitambaa kilichofungwa bawani au ukucha uliokatwa. Hata kuku aliyenunuliwa jana anajulikana, maana kuku mgeni hakosi kamba mguuni. Hakuna kuku Keko asiye na mwenyewe. Akiugua, kuna mtu anayekosa usingizi. Akifa, kuna mtu anayehesabu hasara.

Na kuku wetu wana chanjo iliyobeba jina la Temeke. Watu wanaopanda daladala kushuka kituo cha Veterinari huenda hawajui kwamba kituo kimeitwa hivyo kwa sababu ya maabara ya mifugo ya serikali iliyopo pale, ambayo tangu 2012 iko chini ya Wakala wa Maabara ya Veterinari Tanzania. Katika maabara hiyo ilitengenezwa chanjo ya kideri isiyoharibika upesi kwa joto, inayofaa kwa mfugaji asiye na friji, ikaitwa Temevac. Tone moja kwenye jicho, kila baada ya miezi mitatu. Mama mwenye nyumba wangu hajui kusoma maandishi madogo ya kichupa, lakini tarehe za tone ameziandika kwa mkaa nyuma ya mlango wa jiko. Kwa kuku wake yeye ni daktari, karani na bima.

Msumari alikuwa amelala hatua kumi na tano kutoka mlango ule. Miaka mitatu. Hakuna aliyeandika chochote.

Narudi kwenye mguu wa mtoto. Mmoja alishakimbilia majivu. Mwingine alitaka oili chafu, akaapa kwamba kwao ndivyo wanavyofanya na watu wanapona. Nilichokijua mimi ni kitu kimoja tu, nilichokisoma ukutani nikiwa kwenye foleni ya hospitali: maji yanayotiririka na sabuni, dakika 15, kabla ya jambo lingine lolote. Tulimpeleka bombani. Dakika 15 ni ndefu sana ukiwa unamshika mtoto mguu. Mama yake alikuwa anahesabu kwa simu, na kila nilipotaka kuacha akasema, "Bado, kaka. Bado."

Baadaye ndipo nilipoelewa kwa nini sabuni ile ina thamani kuliko mengi yaliyofuata. Kirusi cha kichaa cha mbwa hukaa kwenye mate. Kikiingia jerahani hakipiti kwenye damu kama malaria. Hutafuta neva na kupanda nayo taratibu kuelekea kwenye ubongo, safari ya wiki kadhaa, pengine miezi. Ndani ya muda huo mtu anacheza mpira, anafanya mtihani, anaoa. Dalili zikishaanza, tiba hakuna. Shirika la Afya Duniani linakadiria vifo vipatavyo 59,000 kila mwaka, karibu vyote Afrika na Asia, na wanne katika kila kumi ya waliokufa ni watoto wasiofikia miaka 15. Wakati huo huo, dawa ya kuzuia ni ya zamani kuliko barabara zetu zote za lami. Julai 1885 huko Paris, Louis Pasteur aliruhusu mtoto aliyeng'atwa, Joseph Meister, achomwe sindano za majaribio yake, na mtoto akaishi. Alikuwa na miaka 9. Wetu alikuwa na 8.

Fedha ya sindano ilipatikana chini ya nusu saa. Nalisema hili kwa makusudi, ili msomaji asiwadhanie vibaya watu wa pale. Fundi mkuu alitoa hela ya sponji aliyokuwa anakwenda kununua. Kijana wa vanishi alitoa nauli yake, jioni akarudi nyumbani kwa miguu. Kila mtu alitoa isipokuwa jina lake.

Jina ndilo lililotakiwa jioni, bwana mifugo alipofika na kitabu chake. Alikuwa kijana mpole, amechoka, viatu vimejaa vumbi la mitaa mingine. Akamwangalia Msumari kwa mbali, akaangalia mdomo, akaangalia anavyotembea. Mbwa afungwe, akasema, apewe chakula na maji, aangaliwe siku 10. Akiwa mzima hadi siku ya kumi, basi siku aliyomng'ata mtoto hakuwa na ugonjwa kwenye mate. Akibadilika sauti, akidondosha taya, akianza kung'ata hewa, apigiwe simu mara moja. Sindano za mtoto ziendelee hivyo hivyo: siku ya kwanza, ya tatu, ya saba, bila kumsubiri mbwa.

"Jina la mfugaji?" akauliza, kalamu juu ya karatasi.

Mtaa wote ukawa kimya tena. Ningependa kusema nilijitolea kwa huruma. Ukweli ni kwamba nilijiona mjinga kusimama pale, nimeshiba wali wa mama yule, nikisubiri mtu mwingine ajibu. Nikasema, "Andika mimi." Akaandika. Akaniuliza na namba ya simu.

Kabla sijaendelea na siku zile kumi, kuna jambo la paka ambalo lazima nilitoe, kwa sababu nadhani ndilo lililosema "andika mimi" kabla yangu.

Nyumba niliyokulia, si mbali sana na hapa, ilikuwa na paka kila wakati. Bibi alikuwa akisema paka wa nyumba haingwa, na alimaanisha. Paka alilala miguuni pake, akala vichwa vya samaki kabla ya sisi kula samaki wenyewe. Bibi alitusimulia juu ya yule sahaba wa Mtume aliyeitwa baba wa kipaka, Abu Huraira, na juu ya yule mwanamke aliyeingia motoni kwa sababu ya paka: alimfungia, hakumlisha wala hakumwachia ajitafutie. Nililala nikiliwaza lile jambo la "wala hakumwachia". Nilielewa, kwa akili ya mtoto, kwamba dhambi ilikuwa kwenye kufunga.

Basi paka wetu alizaa watano, na miezi michache baadaye akazaa wanne. Hakukuwa na mtu aliyewahi kusikia kwamba paka jike anaweza kufungwa kizazi. Madume wanaozurura, mapaka shume, walikuwa wakipigana juu ya bati letu kila usiku. Nyumba ikajaa. Nikapewa kiroba na jukumu. Nilikuwa na miaka 10. Niliwabeba vipaka wanne hadi soko la Temeke Stereo, jioni, wakati wauza samaki wanafunga, nikakitua kiroba nyuma ya meza na kukifungua mdomo. Nilijiambia maneno ambayo kila mtu wa mjini huyasema: sokoni hawafi njaa, watajua wenyewe, nimewaachia wajitafutie. Mmoja alinifuata hadi kwenye mtaro. Nilitupa jiwe, si la kumpiga, la kumtisha tu.

Mama yao aliita siku nne. Alizunguka vyumba vyote, akaingia uvunguni, akasimama mbele yangu akinitazama na kuita tena. Bibi hakuniambia chochote. Siku ya pili alimwekea paka maziwa, akakaa naye kwenye mkeka, na nilipopita akavuta kanga yake kidogo, kama mtu anayekupisha.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba kumwachia mnyama ni kinyume cha kumfungia, kwamba ndiyo fadhila yenyewe. Vipaka wale wanne wa wiki sita hawakuwa na namna ya kujitafutia chochote. Niliwafunga nje. Na ukitazama vizuri mitaa yetu, ukatili mkubwa tunaowafanyia wanyama wa nyumbani una sura hii ya ukarimu: tumemwacha, yuko huru, anajitegemea. Mawe ya watoto, sumu ya panya iliyowekwa kwenye dagaa, pikipiki ya usiku, vyote humkuta huko huko kwenye uhuru wake.

Wako waliokwisha kulitazama jambo hili kwa kipimo. Mwaka 1965 nchini Uingereza kamati ya Brambell, iliyoundwa baada ya watu kushtuka kusoma jinsi kuku na ndama walivyokuwa wakibanwa kwenye mabanda ya kisasa, ilianzisha hoja ambazo baadaye zikawa uhuru wa aina tano: mnyama asiwe na njaa na kiu, asikae kwa adha, asiachwe na maumivu na maradhi, aweze kuishi kwa tabia zake za asili, asiishi kwa hofu. Fikra hiyo imeenea duniani, na sisi tunayo Sheria ya Ustawi wa Wanyama, Namba 19 ya 2008. Nilipoupitia uhuru huo nikimfikiria Msumari nilicheka kidogo. Ule wa tabia za asili alikuwa nao wa kumwaga: kufukuza bodaboda, kubweka, kuchimba, kuoa popote. Ile mingine minne hakuwahi kuionja. Ng'ambo ya barabara kuna geti jeusi, nyuma yake mbwa mkubwa wa kizungu anayekula vizuri kuliko mimi, amechanjwa, ana banda la bati jipya, na tangu nihamie sijamwona nje ya mnyororo wake wa mita mbili. Wawili hao kwa pamoja wangetoa mbwa mmoja aliyekamilika. Wenye mbwa wa getini wanasema akifunguliwa atapoteza ukali.

Siku ya kwanza ya zile kumi nilikwenda kuomba ruhusa. Mama mwenye nyumba alikuwa anachambua mchicha. Nikamweleza. Akaendelea kuchambua.

"Mwanangu, hapa tunatawadha," akasema.

"Najua, mama."

"Na mate ya mbwa unayajua. Mara saba, moja kwa udongo."

"Najua, mama. Nitamfunga kule nyuma ya choo, mbali na bomba. Chombo chake nitakitenga."

Akafikiri. Kisha akanisimulia, bila kuniangalia, kisa cha yule msafiri aliyemkuta mbwa anahema kwa kiu, akashuka kisimani, akajaza kiatu chake maji, akakishika kwa meno ili apate kupanda, akamnywesha, na Mungu akamsamehe dhambi zake. Alikisimulia kwa mapana, na sauti ya mtu aliyekuwepo. Nilidhani ameshapata jibu. "Lakini," akamaliza, "asinikaribie kanga yangu." Akanipa sufuria la zamani lisilo na mkono, akasema lisirudi jikoni kwake mpaka kiama.

Nilimfunga kwa kamba ya manila, na usiku ule wa kwanza hakuna aliyelala. Msumari hakuwahi kufungwa maishani. Alilia kwa sauti ambayo sikujua anayo, nyembamba, kama mlango. Saa tisa nikatoka nikaketi kwenye ndoo karibu naye, si karibu sana, kwa sababu nilikuwa namwogopa na nilikuwa sijaamua bado kuhusu nguo zangu za swala. Tukakaa hivyo. Nikagundua kwamba mbwa niliyempita kila siku kwa miaka mitatu ana kupe wengi nyuma ya masikio, ana kovu la maji ya moto mgongoni, na ana mkia uliovunjika ukajiunga vibaya. Aliyemmwagia maji ya moto lazima anaishi karibu. Huenda ni mtu ninayemsalimia.

Siku ya pili, alasiri, yule mtoto alikuja. Alisimama kwenye kona ya ukuta, soksi moja juu, nyingine imeshushwa kupisha bandeji.

"Shikamoo."

"Marahaba. Unaendeleaje mguu?"

"Mzuri." Kisha, "Amekunywa maji?"

Sikuelewa. Akaeleza. Kuna mwanafunzi mkubwa shuleni aliyemwambia mbwa mwenye kichaa anaogopa maji, na mbwa akiogopa maji aliyeng'atwa naye ataogopa maji, halafu atabweka. Hakuwa amelala vizuri. Nyumbani alikuwa anajipima mwenyewe kwa kikombe, asubuhi na jioni.

Ningeweza kumweleza kwamba mambo hayaendi hasa hivyo, kwamba anayeogopa maji ni mtu aliyeshaugua, kwa sababu koo hukaza akijaribu kumeza, na kwamba mbwa mwenye kichaa anaweza hata kukanyaga dimbwi. Sikusema. Nilijaza sufuria nikalisukuma kwa fimbo. Msumari akanusa, akatutazama mmoja mmoja, akaanza kunywa, ulimi ukipiga maji kwa kelele. Mtoto alikuwa akihesabu kwa midomo. Alipofika ishirini na kitu akashusha pumzi, akaniaga, akaondoka.

Alikuja kila siku. Siku ya tatu alikuwa ametoka kuchomwa sindano ya pili na alikuja na kadi, akaionyesha kwa mbwa. Siku ya tano alileta kichwa cha samaki kutoka jikoni kwa mama yake, kwa siri, ingawa mama yake ndiye aliyekifunga kwenye gazeti. Siku ya sita mvua ilinyesha, na nilimkuta amejikunyata chini ya mchirizi wa bati, akisubiri Msumari apate kiu.

Kipindi hicho nilisoma kila nilichoweza kukipata, kama afanyavyo mtu aliyebeba dhamana asiyoielewa. Nilijifunza kwamba kuua mbwa mtaani, jambo ambalo kila mwaka mtu hulipendekeza kwenye mikutano ya mtaa, hakuondoi ugonjwa; walioondolewa hujazwa nafasi zao na watoto wa mbwa ambao hawajachanjwa. Kinachokata mnyororo ni kuchanja, na hesabu inayotajwa ni asilimia 70: saba katika kila mbwa kumi. Kisiwani Pemba kazi hiyo iliwahi kufanywa hadi ugonjwa ukatoweka, kisha mwaka 2016 ukavushwa tena kutoka nje ya kisiwa, ikabidi chanjo irudiwe kwa nguvu. Na Serengeti, mwaka 1994, simba wapatao theluthi moja walikufa kwa distempa, ugonjwa wa mbwa. Baada ya hapo mbwa wa vijiji vinavyozunguka hifadhi wakaanza kuchanjwa kwa maelfu. Mwenye simba alijulikana, akaulizwa, akaitikia. Nina wivu kidogo na wale mbwa wa Serengeti. Ilibidi simba wafe ili wao waonekane.

Lakini kitu kilichonikaa akilini kuhusu ile saba katika kumi ni cha mkono zaidi kuliko cha hesabu. Bwana mifugo aliniambia, alipopita siku ya saba, kwamba siku ya chanjo ya bure, ile ya kila Septemba 28 au wiki zinazoizunguka, sindano zinaweza kuwepo, meza ipo, kipaza sauti kimepita mitaani tangu jana, na mbwa wanazunguka umbali wa mita ishirini wakiwatazama. Kumchoma mbwa kunahitaji mtu mmoja ambaye mbwa huyo atakubali kushikwa naye. "Wanaowaleta ni watoto," akasema. "Mtu mzima anasema si wangu. Mtoto anakuja na wanne, kamba moja." Kumbe kote nilikokuwa nikiwaza juu ya mali na hati, mwenyewe wa mbwa ni yule tu anayeweza kumshika shingo bila kung'atwa. Kwa kipimo hicho, siku ile ya sahani, jibu la swali la mama ntilie lilikuwa ni: hakuna. Hata mimi niliyeandikishwa nilikuwa bado natumia fimbo.

Niliacha fimbo siku ya nane. Nilikwenda na koleo ndogo ya fundi, nikaanza na kupe wa sikio zima. Alitetemeka mwili mzima, lakini akakaa. Baadaye niliosha mikono mara saba, na mara moja kwa mchanga, mama mwenye nyumba akinitazama kutoka dirishani, akihesabu pamoja nami nisije nikapunja.

Siku ya kumi bwana mifugo alikuja, akamchunguza, akatia saini, akamchanja hapo hapo. Mimi ndiye niliyemshika. Kadi ina mstari wa jina la mnyama, na mstari wa mwenye mnyama, na nafasi ya tarehe ya mwaka ujao. Nimeibandika nyuma ya mlango, mahali ambapo kwenye mlango wa jiko la mama mwenye nyumba kuna tarehe za mkaa.

Nilimfungua kamba jioni ile. Alitembea moja kwa moja hadi karakana, akazunguka mara mbili kwenye maranda, akalala. Mafundi walimshangilia kama mtu aliyetoka pale gerezani kwetu Keko. Nilidhani mambo yamerudi yalivyokuwa.

Alfajiri ya siku ya pili mlango wangu ukagongwa kwa ngumi. Fundi mkuu, fulana begani, uso umekunjwa.

"Kaka, amka. Mbwa wako kalala juu ya kochi la mteja. Velveti, kaka. Ya krimu. Na mteja anakuja saa mbili."

Nikatafuta brashi.